Barabara, Duka na Haki: Nani Alimfuata Mwenzake?

Katika mashauri yanayotokana na upanuzi wa barabara katika miji ya Tanzania, kuna swali moja ambalo huulizwa na kila mtu, kuanzia mhandisi hadi mwenyekiti wa mtaa, kuanzia mthamini hadi wakili wa Serikali. Swali lenyewe ni hili: je, barabara ilimfuata mwananchi, au mwananchi aliifuata barabara? Ikionekana kwamba barabara ndiyo iliyomfuata, mwananchi hulipwa fidia. Ikionekana kwamba yeye ndiye aliyeifuata, huhesabiwa kuwa mvamizi wa hifadhi ya barabara, na mvamizi halipwi.

Kwa mtazamo wa juu juu swali hili ni la haki. Haiwezekani mtu aingie katika mali ya umma usiku, ajenge, kisha asubuhi adai umma umlipe. Hilo hatulipingi. Tunalotaka kulichunguza ni jambo jingine. Nyumba ya kulala yaweza kujengwa popote penye maji na usalama. Shamba hukaa penye udongo wa rutuba. Lakini duka, kwa asili yake, huifuata barabara. Duka lisilo kando ya njia si duka, ni ghala. Kwa hiyo kumwuliza mwenye duka kwa nini aliifuata barabara ni sawasawa na kumwuliza mvuvi kwa nini aliifuata bahari. Hapa ndipo ulipo ukinzani: sheria inapima haki ya mwenye duka kwa kipimo kilichotengenezwa kwa ajili ya nyumba na shamba, na kipimo hicho kinageuza msingi wa kazi yake kuwa ndio kosa lake.

Hatuna budi kuitazama historia ya ukinzani huu, maana sheria haikushuka kutoka mbinguni. Iliandikwa na watu, kwa wakati fulani, kwa manufaa ya tabaka fulani.

Funzo la Paris

Tatizo hili halikuzaliwa Afrika. Mfano wake mkubwa katika historia ya ubepari ni mji wa Paris chini ya Napoleon III. Kuanzia mwaka 1853 mpaka mwaka 1870, Georges-Eugène Haussmann, aliyekuwa mkuu wa utawala wa mkoa wa Seine, alipasua katikati ya mji ule barabara pana zilizonyooka. Mitaa ya kale ilivunjwa, na pamoja nayo maduka, karakana na vyumba vya wafanyakazi.

Ufaransa wakati huo ilikuwa na sheria ya mwaka 1841 juu ya kutwaa mali kwa manufaa ya umma. Chini ya sheria hiyo fidia haikupangwa na Serikali peke yake. Ilipangwa na baraza la raia walioteuliwa, na raia hao walikuwa hasa watu wenye mali. Mwenye nyumba alilipwa. Mwenye duka aliyekuwa na mkataba wa kupanga naye alilipwa, tena mara nyingi alilipwa vizuri, kwa sababu waliokaa katika baraza walikuwa watu wa tabaka lake na walijua kwamba kesho yaweza kuwa zamu yao. Walizuka hata mawakala ambao kazi yao ilikuwa kumwandalia mwenye duka madai makubwa kupita kiasi na madaftari ya hesabu yaliyopikwa. Mji ulikopa fedha nyingi kuyalipa madai hayo na kuendeleza ujenzi.

Mwaka 1858 amri ya Serikali iliamua kwamba vipande vya viwanja vilivyobaki baada ya barabara kupita virudishwe kwa wenyewe. Thamani ya vipande hivyo ilikuwa imepanda sana, na iliyoipandisha ni barabara iliyojengwa kwa fedha ya umma. Kwa hiyo wenye viwanja walikula mara mbili: fidia kwa kilichovunjwa, na faida kwa kilichobaki.

Na yule asiyekuwa na mkataba? Mfanyakazi aliyelala katika chumba cha kukodi kwa wiki, mchuuzi wa mtaani, fundi viatu wa chini ya ngazi? Huyo hakuitwa mbele ya baraza lolote. Alisukumwa pembeni mwa mji. Friedrich Engels, alipoandika juu ya suala la makazi mwaka 1872, alieleza kwamba hiyo ndiyo njia pekee ambayo mabepari wanayo ya kutatua tatizo la makazi: hawaliondoi, wanalihamisha. Uchochoro unaobomolewa hapa huzuka upya pale.

Funzo tunalolipata Paris si kwamba barabara ni mbaya. Funzo ni kwamba fidia haikufuata hasara, ilifuata karatasi. Mwenye karatasi alilipwa hata pale ambapo hasara yake ilikuwa ya kubuni. Asiye na karatasi hakulipwa hata pale ambapo hasara yake ilikuwa maisha yake yote.

Upana uliochorwa na mkoloni

Tuje sasa nyumbani. Mwaka 1895 utawala wa Wajerumani ulitangaza kwamba ardhi yote ya koloni lao la Afrika Mashariki ni mali ya dola la Ujerumani, isipokuwa ile ambayo mtu angeweza kuthibitisha kuwa ni yake. Kuthibitisha maana yake ilikuwa kuonyesha maandishi. Waingereza walipoichukua Tanganyika, walitunga Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923 iliyoiweka ardhi yote ya umma mikononi mwa Gavana. Mwenyeji aliyekalia ardhi kwa mila alitambuliwa, lakini utambuzi huo ulikuwa hafifu kando ya hati aliyopewa mlowezi.

Mwaka 1932 ilitungwa sheria ya barabara kuu. Chini ya utaratibu wake Serikali iliweza kutangaza njia fulani kuwa barabara kuu na kuiwekea upana wa hifadhi. Mahali pengi upana huo uliwekwa wakati barabara yenyewe ilikuwa njia nyembamba ya vumbi, na mistari ya hifadhi ilikuwa ndani ya vitabu vya Serikali, si juu ya ardhi. Hapakuwa na jiwe la mpaka ambalo mkulima angelijikwaa akajua kwamba amefika.

Wakati huohuo mkoloni alimzuia Mwafrika asikue katika biashara. Palikuwa na sheria iliyozuia mwenyeji kukopeshwa bila ya idhini ya Serikali. Mfanyabiashara asiyekopesheka hana sababu ya kuweka daftari la hesabu, maana daftari ni lugha ya benki, naye hakuruhusiwa kuzungumza na benki. Tulikumbuke jambo hili, kwa sababu litarudi mbele yetu katika sura ya fidia.

Mali ya Taifa na jasho la mtu

Mwaka 1958, wakati Waingereza walipotaka kuleta umilikaji wa ardhi wa kuuza na kununua kwa Waafrika, Julius Nyerere aliandika kijitabu alichokiita Mali ya Taifa. Hoja yake ilikuwa na pande mbili, na mara nyingi watu hukumbuka upande mmoja tu. Upande wa kwanza: ardhi haikutengenezwa na mtu yeyote, kwa hiyo haifai kuwa bidhaa. Upande wa pili: kile ambacho mtu amekiongeza juu ya ardhi kwa nguvu zake na akili zake ni chake kwa haki.

Baada ya Uhuru upande wa kwanza ulitekelezwa haraka. Kwa sheria ya mwaka 1963 umilikaji wa moja kwa moja ulifutwa, na hatimaye ardhi yote ikawa ya kukaliwa kwa haki itokayo kwa dola. Mwaka 1967 ikaja Sheria ya Utwaaji Ardhi, iliyompa Rais uwezo wa kutwaa ardhi yoyote kwa manufaa ya umma. Ardhi tupu haikulipiwa fidia. Kilicholipiwa ni maendelezo yaliyokuwa juu yake. Lengo la kanuni hii lilikuwa jema: kuwanyima makupe nafasi ya kushikilia viwanja na kungoja bei ipande, kama wale wa Paris.

Lakini upande wa pili, wa jasho, ulibaki bila kufafanuliwa. Jasho la mwenye nyumba laonekana: ni tofali, saruji na bati. Jasho la mwenye duka halionekani. Ni miaka 15 ya kufungua alfajiri. Ni wateja wanaojua kwamba hapa hupimiwa haki. Ni muuzaji wa jumla wa Kariakoo anayempa mali kauli kwa sababu anajua fremu yake ilipo. Thamani hiyo haipo katika tofali. Ipo katika mahali. Siku tofali linapovunjwa tofali hulipwa, na mahali hupotea bure.

Tena tusisahau kwamba katika sehemu nyingi dola lenyewe ndilo lililowaita watu barabarani. Wakati wa Operesheni Vijiji, kati ya mwaka 1973 na 1976, vijiji vingi vilipangwa kandokando ya barabara ili huduma ziwafikie wananchi kwa urahisi. Watu waliacha makazi ya babu zao wakasogea njiani kwa agizo. Ukimwuliza mtu wa namna hiyo, au mwanawe, kama aliifuata barabara, jibu la kweli ni kwamba alipelekwa.

Mlango wa Mahakama

Kwa muda mrefu mwananchi aliyeonewa na chombo cha Serikali hakuwa na mlango wa kugonga. Kwa marekebisho ya mwaka 1974, mtu hakuweza kuishtaki Serikali bila ridhaa ya Serikali yenyewe. Sharti hilo lilivunjwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1993 katika kesi ya Kukutia Ole Pumbun dhidi ya Mwanasheria Mkuu, ambapo ilionekana kwamba ni kinyume cha Katiba. Mwaka 1994 sheria ikarekebishwa. Ridhaa ikaondoka, na mahali pake pakawekwa notisi ya siku 90.

Siku 90 ni chache kwa anayedai deni. Kwa mwenye duka ambaye ameandikiwa ilani ya siku 30 ni nyingi mno. Tingatinga litafika kabla ya hakimu. Ni kweli kwamba mahakama mara nyingine zimekubali kusikiliza maombi ya zuio la muda wakati notisi inasubiriwa. Lakini hata hapo kuna mtego. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969, anayeomba zuio hupaswa kuonyesha mambo matatu:

(a) kwamba lipo shauri la maana la kuamuliwa;

(b) kwamba asipolindwa atapata hasara isiyoweza kufidiwa kwa fedha;

(c) kwamba madhara yatakayompata yeye zuio likikataliwa ni makubwa kuliko yatakayompata mwenzake likitolewa.

Tuzipime hoja hizi kwa mwenye duka. Katika (c), upande wa pili wa mizani ni barabara ya watu wote. Ni vigumu sana kwa fremu moja kuushinda uzito huo. Katika (b), huambiwa kwamba hasara ya biashara ni fedha, na fedha hufidiwa kwa fedha, basi aache duka livunjwe, adai baadaye. Akienda kudai baadaye, huulizwa: daftari liko wapi?

Daftari la miezi 36

Hapa tunafika kwenye kiini. Mwaka 1994, katika kesi ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwenzake iliyotoka Mkoa wa Arusha, Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali iliamua jambo zito. Iliamua kwamba haki ya kukalia ardhi kwa mila ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na kwamba hata pale ambapo hakuna maendelezo ya kuonekana, kama mtu ametia juhudi katika ardhi hiyo, anastahili fidia anaponyang'anywa. Kwa maneno mengine, upande wa pili wa hoja ya mwaka 1958, yaani jasho, uliingia katika sheria ya nchi.

Sera ya Taifa ya Ardhi ya mwaka 1995 na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 zilifuata mwelekeo huo. Sheria inasema fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe mapema. Kanuni za mwaka 2001 zikaorodhesha mafungu: thamani ya ardhi na maendelezo, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, posho ya makazi, na hasara ya faida. Fungu hili la mwisho ndilo la mwenye duka. Hukokotolewa kwa kuchukua faida halisi ya mwezi mmoja na kuizidisha mara 36.

Miezi 36 ni kipimo cha kiungwana. Lakini faida halisi hiyo yatakiwa ithibitishwe, na uthibitisho unaotajwa ni hesabu zilizokaguliwa, pale inapohitajika. Mwenye duka kubwa analo daftari na mkaguzi. Mwenye genge la nyanya, fundi cherehani wa barazani na muuza vipuri vya baiskeli hana. Hesabu zake zipo kichwani na katika kijitabu cha madeni ambacho mvua ilikwishakilowesha. Kizazi kilichozuiwa kukopa, na kwa hiyo kutoandika, kimerithisha kizazi kinachoulizwa maandishi.

Yupo mwingine ambaye hali yake ni mbaya zaidi, naye ni mpangaji wa fremu. Jengo si lake, basi fidia ya jengo huenda kwa mwenye nyumba. Huyu mpangaji alipoingia alitoa kilemba, pengine akiba ya miaka mingi. Katika mafungu yote ya kanuni hakuna fungu linaloitwa kilemba. Wala mara nyingi hakuna karatasi ya kilemba hicho, kwa kuwa hutolewa mkono kwa mkono. Mwenye nyumba hulipwa, mpangaji hubaki na shelfu zake kando ya njia.

Nyekundu na kijani

Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 ilichukua nafasi ya ile ya kikoloni na kupanua hifadhi. Kwa barabara kuu na za mikoa, upana ulioelezwa uliongezeka kutoka mita 22.5 kila upande wa katikati ya barabara hadi mita 30. Basi katika ukanda wa mita 7.5 uliomo kati ya mistari hiyo miwili, barabara ndiyo iliyomfuata mwananchi, na ardhi ikihitajika hapo fidia hulipwa. Wananchi wakazijua alama mbili zilizochorwa kutani: X ya kijani kwa mwenye kustahili fidia, X nyekundu kwa anayetakiwa kuondoka bila kulipwa.

Kando ya Barabara ya Morogoro, kuanzia Kimara hadi Kiluvya, mambo yalikuwa makubwa kuliko hayo. Mwaka 2017, wakati wa matayarisho ya kuipanua barabara hiyo, hifadhi iliyodaiwa ilikuwa mita 121.5 kila upande, kwa kufuata upana uliowekwa chini ya utaratibu wa zamani. Zaidi ya majengo 1,000 yaliwekewa alama na kubomolewa, ya kulala na ya biashara. Wapo waliokwenda mahakamani. Hoja yao kuu haikuwa kuipinga barabara. Walisema tumekaa hapa miaka mingi, tumelipa kodi, tumeunganishiwa umeme na maji, tumepewa leseni. Ni nani basi aliyekuwa amelala?

Hoja hiyo yatakiwa kutazamwa kwa makini. Kwa sheria ilivyo, leseni ya biashara haimpi mtu ardhi, na bili ya umeme si hati. Lakini kwa siasa, na kwa haki, chombo kimoja cha umma kikipokea kodi kutoka kwa mtu kwa miaka 20 mahali fulani, na chombo kingine cha umma huohuo kikasema mtu huyo hakustahili kuwapo hapo hata siku moja, basi umma wenyewe una ndimi mbili.

Jambo hilohilo lilijirudia kwa machinga. Mwishoni mwa mwaka 2018 wafanyabiashara wadogo walianza kupewa vitambulisho kwa shilingi 20,000. Mwaka 2021 Serikali ikaagiza waondolewe kandokando ya barabara na kupelekwa katika maeneo yaliyopangwa. Kitambulisho kilimtambua mfanyabiashara, hakikumpa mahali. Aliyekuwa na karatasi hatimaye aligundua kwamba si kila karatasi hulinda. Tumetoka mbali tangu mwaka 1983, wakati wa Sheria ya Nguvu Kazi, ambapo mchuuzi wa mjini aliweza kukamatwa kama mzururaji. Lakini kutoka kuitwa mzururaji hadi kuitwa mjasiriamali si kutoka kunyimwa mahali hadi kupewa mahali.

Hitimisho

Tumeona kwamba kutoka Paris ya mwaka 1853 hadi Kimara ya mwaka 2017 mzozo wa duka na barabara umekuwa na umbo moja. Hakuna anayebisha kwamba barabara inahitajika. Kinachobishaniwa ni nani anayehesabiwa kuwa amepoteza kitu. Ubepari ulijibu: mwenye karatasi. Hukumu ya mwaka 1994 ilijibu: mwenye jasho. Kati ya majibu hayo mawili sheria yetu bado inayumba. Imekubali jasho kwa kanuni, lakini inalitafuta kwa karatasi.

Kutokana na historia hii tunatoa mambo matatu ya kutafakariwa na viongozi wote wanaohusika na miji.

Kwanza, hifadhi ya barabara lazima ionekane juu ya ardhi, kwa mawe na mabango, na ilindwe tangu siku ya kwanza. Mstari unaokaa kabatini kwa miaka 80 na kutolewa siku ya tingatinga haumlindi yeyote. Unamtega mnyonge na kumwongoza mjanja mwenye jamaa katika ofisi ya ramani.

Pili, hasara ya mwenye duka mdogo ipimwe mahali ilipo. Mthamini anaweza kukaa dukani wiki mbili akahesabu mauzo. Anaweza kumwuliza muuzaji wa jumla. Anaweza kusikiliza ushahidi wa serikali ya mtaa na wa majirani. Daftari ni ushahidi mmojawapo, si ushahidi pekee. Na mpangaji aandikwe kwa jina lake, si kufichwa nyuma ya mwenye nyumba.

Tatu, kwa kuwa mali ya mwenye duka ni mahali, fidia yake ya kwanza iwe mahali. Soko jipya linalojengwa mbali na njia, mahali ambapo wateja hawapiti, ni lile ghala tulilolitaja mwanzoni. Mahali papya pachaguliwe pamoja na wafanyabiashara wenyewe, na pawe tayari kabla ya pale pa zamani kuvunjwa.

Barabara ni mali ya umma, na lazima ijengwe. Lakini muuza mboga, fundi cherehani na mpangaji wa fremu nao ni umma huohuo. Barabara inayojengwa kwa kuwafukarisha haijawa bado ya watu wote, hata kama imewekwa lami kutoka mwanzo hadi mwisho.